Wapolandi Wanacheka Nini? Jibu Langu ni Bareja

Ndugu zangu watazamaji, swali ni lile lile tangu nihamie Warsaw: hawa Wapolandi wasiotabasamu barabarani wanacheka nini? Nimelikwepa kwa muda mrefu, kwa kuwa nikisifia kitu cha huku naambiwa ninaringa, na nikieleza adha naambiwa nirudi nyumbani kama nimeshindwa maisha. Leo nitalijibu kwa jina la mtu mmoja, Stanisław Bareja, mwongozaji wa filamu za vichekesho aliyezaliwa mjini humu mwaka 1929 na kufariki mwaka 1987, miaka miwili tu kabla ya utawala wa kikomunisti aliokuwa akiutania kuanguka.

Nilimfahamu kwa sababu ya karatasi. Mwaka jana ofisi moja ilikikataa cheti changu cha kuzaliwa kwa kuwa maandishi ya mhuri wa nyuma hayakuwa yametafsiriwa. Mfasiri aliyeapishwa hahesabu ukurasa kama tunavyouhesabu sisi. Ukurasa wake ni herufi 1,125, nafasi zikiwemo, na ukishaanzwa unalipiwa wote. Cheti cha karatasi moja kikanizalia kurasa tatu za malipo. Mfanyakazi mwenzangu aliponiona nimenuna alisema neno moja tu, "Bareja", na jioni akanionyesha filamu ya "Miś", maana yake dubu, iliyotoka mwaka 1981.

Mhusika mkuu wake ni kiongozi wa klabu ya michezo anayezuiwa mpakani kwa sababu mtalaka wake amechana kurasa za pasipoti yake, ili amtangulie London kuchukua fedha walizoweka pamoja benki. Kumbukeni kwamba enzi hizo, kwa kawaida, raia hakukaa na pasipoti nyumbani. Alirudi safari, akairudisha serikalini. Basi bwana huyu, badala ya kusubiri nyingine, anamtafuta mtu anayefanana naye ili asafiri kwa pasipoti ya huyo. Mimi niliyesubiri kadi ya ukaazi nilicheka mpaka nikaona aibu.

Tukio wanalolirudia wote ni la mgahawa wa bei nafuu wa serikali. Mabakuli yamekazwa mezani kwa skrubu yasiibwe, na vijiko vimefungwa viwili viwili kwa mnyororo mmoja, hivyo mlaji akipeleka chake kinywani, mwenzake anavutwa. Hakuna anayelalamika, wanakula kwa zamu. Halafu kuna dubu mkubwa wa majani makavu anayejengwa kwa gharama za kutisha, kwa sababu kadiri anavyokuwa ghali ndivyo cha juu cha wakubwa kinavyoongezeka. Hapo sidhani kama Mtanzania anahitaji mkalimani.

Wakaguzi wa serikali walizikatakata filamu za Bareja mara kwa mara, na tamthilia yake ya "Alternatywy 4", kuhusu wakazi wa jengo jipya na msimamizi wao mbabe, ilikaa kabatini hadi mwaka 1986 ndipo ikaonyeshwa. Kilichoniuma zaidi ni wasanii wenzake. Mwongozaji Kazimierz Kutz alibuni neno "bareizm" kama tusi, akimaanisha filamu za ovyo zisizo na ladha, ilhali leo Wapolandi wanalitumia kwa upuuzi wowote wa kiofisi. Nami ninajua uchungu wa kudharauliwa na wa nyumbani, maana wapo Watanzania wa hapa hapa wanaosema video zangu ni za mtu aliyekosa kazi.

Mama yangu, aliyepanga foleni ya sukari na sabuni Dar es Salaam mwanzoni mwa miaka ya 80, nilimweleza habari ya vile vijiko kwa simu. Hakucheka. Aliuliza kama chakula kilitosha.

Sisemi kila anayekuja huku atazame Bareja. Kipolandi chake ni kigumu, na pengine wewe utatulizwa na sala au mazoezi. Kwangu mimi vichekesho vyake vimenisaidia. Migahawa ile ingalipo, bado inapata ruzuku ya serikali, na jana niliingia mmoja nikaagiza supu ya kiazisukari. Kabla ya kula, nilikiinua kijiko taratibu nione kama kimefungwa, na mzee wa meza ya pili, aliyekuwa akinitazama, akainua chake pia.