Ngoma ya Nyuma ya Ukuta

SALMA: Haya asalaam aleikum, tumerudi, tuko juu ya paa hapa Mkomani, Lamu, kama kawaida, na mukisikia punda musitume meseji tena kuuliza ni nini ile, ni punda.

FEISAL: Na mwadhini akianza twasimama, mushazoea.

SALMA: Yeo nna swali Feisal. Ulipokuwa mdogo ulikuwa na mji wa kichwani? Mimi nilikuwa nao, uko chini ya bahari upande wa Takwa, yale magofu ya kisiwa cha Manda, una milango ya nakshi kama yetu ila watu wake hawasemi, waimba tu, na mji wote ule wallahi ulijengwa na ngoma ya pepo. Nyuma ya nyumba yetu kulikuwa na ua, usiku kina mama wapiga, sisi watoto tumefungiwa ndani, nasikia dum, dum, dum ukutani na sioni kitu, basi nami naumba.

FEISAL: Hukuchungulia?

SALMA: Siku moja. Nikamuona khala yangu ameketi kwa mkeka anakunywa soda.

FEISAL: (acheka) Yaani pepo na soda!

SALMA: Mji ukafa usiku ule ule. Nililia, mamangu akadhani nimeota vibaya.

FEISAL: Sasa ngoja, umenifungulia mlango. Si unajua nilikuwa natengeneza ule muziki wangu, ule wa ndotoni? Nikamrekodi mzee mmoja wa nai, ile filimbi yetu, maiki karibu kabisa na mdomo, sauti safi, wasikia mpaka anavyovuta pumzi. Nikaweka kwa kompyuta, nikapaka mwangwi, nikapaka tena, wiki tatu. Hakuna kitu! Ilikuwa kama mtu anapiga nai ofisini.

SALMA: Uliponichezea nilikwambia ni tangazo la hoteli.

FEISAL: Uliniumiza lakini ni kweli. Halafu mfungo sita ikaingia, Maulidi, niko nyumbani Langoni naumwa mafua, nimelala, na kutoka upande wa msikiti wa Riyadha yaja matari, na ile nai juu yake lakini imefifia, imepita vichochoro sijui vingapi mpaka kunifikia. Mamangu! Nikaona watu wa kanzu wanatembea juu ya maji. Homa pia ilikuwepo, sikatai, lakini nikashika simu nikarekodi hivyo hivyo dirisha limefungwa.

SALMA: Na hiyo ndiyo iliyofanya kazi.

FEISAL: Hiyo. Nikaanza kufikiria kwa nini. Kuta zetu hizi za matumbawe na chokaa ni nene, sauti za juu, ule ukali wa nai, maneno, vyote vyakwama njiani, inayopita vizuri ni besi. Kwa hiyo unapata nusu ya muziki, ile nusu nyengine kichwa chako ndicho kinajaza. Na mwangwi nao ni kama futi ya kupimia, sauti yaenda kama mita 340 kwa sekunde, ukuta ulioko mita 17 utakurudishia sauti baada ya sehemu moja ya kumi ya sekunde, sikio lapima lenyewe bila kukuuliza, ladhani niko ukumbi mkubwa, au niko kisimani. Mimi nilikuwa namwaga mwangwi tu kama mchuzi, sikuwa nimeamua mji wangu una ukubwa gani.

SALMA: Hapo sasa umesema. Na ndiyo maana mimi nawaambia watu, siwa pale makumbusho, lile baragumu la kifalme, ile ya pembe ya ndovu kutoka Pate, zaidi ya mita 2, nzuri sana, lakini ukiiona kwenye kioo hujaijua, mpaka uisikie. Si wasema Mwana Darini, yule bibi wa Pate, alinyimwa siwa ya mfalme sherehe ya kumtahiri mwanawe, akamtafuta fundi akamchongea nyengine kwa siri? Hebu fikiria uko Pate asubuhi ile, siwa yalia na si upande wa jumba la mfalme. Wasimama mlangoni hujui hata ni mji gani huu umeamkia.

FEISAL: Na Liyongo je, yule shujaa wa hadithi zetu! Yuko gerezani, mamake keshamtumia mkate wa wishwa una tupa ndani, askari wameudharau, nje lapigwa gungu, ile ngoma ya kuimba, watu wakiimba kwa nguvu yeye apiga tupa minyororo.

SALMA: Wale wa nje wakadhani wako harusini.

FEISAL: Wenyewe wameitikia kibwagizo, yaani wamesaidia kukata!

SALMA: Lakini Feisal, nikubishie kidogo. Wewe wasema ukuta, fizikia. Kina mama wa ule ua wangekwambia kila pepo ana ngoma yake, ukikosea mdundo hapandi, hata ukuta uwe nene vipi. Khala hakuwa akimficha mtu. Ilikuwa mapumziko tu, akimaliza soda arudi kazini.

FEISAL: Nakubali. Mimi nashika ufundi wa sauti tu, ya pepo siyawezi.

SALMA: Basi ucheze ile ya dirishani, dakika mbili tu.

FEISAL: Mwisho pana punda, nilitaka kumkata.

SALMA: Umkate kwa nini? Wacha. Zima na hiyo taa.