Tembe la Dodoma kwenye masika ya Dar

Wazee shikamooni, vijana habari zenu. Nimeombwa niongelee zile nyumba za Makumbusho ya Kijiji pale Kijitonyama, na najua nusu yenu hapa mnashuka stendi ya Makumbusho kila siku na ndani hamjawahi kuingia, msiangalie pembeni, nawajua. Konda anaita Makumbusho Makumbusho, watu wanashuka wanakimbilia gari lingine, na jina lenyewe limetokana na hizo nyumba za udongo na nyasi ambazo ziko pale tangu 1966, chini ya Makumbusho ya Taifa.

Sasa kabla sijafika mbali. Hili wazo la kukusanya nyumba za kijijini zikakaa uwanja mmoja watu waje waone, mfano maarufu uko Sweden, Stockholm, panaitwa Skansen, bwana mmoja Artur Hazelius alipafungua 1891. Lakini yeye alikuwa na bahati maana nyumba za kwao ni za magogo. Nyumba ya magogo unaifungua gogo moja moja, unaweka alama, unapakia, unaenda kuipanga upya mbele ya safari, na ile ya kutoka Mora aliyoinunua 1885 ipo mpaka leo. Haya wewe nenda kafungue nyumba ya Mzaramo uilete mjini. Ukishatoa makuti na kugonga kiambaza umebaki na kifusi na fito zilizoliwa na mchwa. Hakuna cha kupakia. Kwa hiyo nyumba kama hizi ukitaka kuzihamisha unamhamisha fundi, anakuja na mikono yake anaanza upya kuchimbia nguzo, na ndio maana mimi nasema ukiwa na nyumba halafu huna fundi, huna makumbusho, una pambo ambalo linaoza.

Nichukue tembe la Kigogo, nyumba ya Wagogo wa Dodoma, maana ndilo linanipa mawazo zaidi. Unasimika nguzo fupi nene zenye panda juu, kwenye panda unalaza miamba, yaani magogo marefu ya kubeba paa, juu ya miamba unapanga fito zimebanana kabisa, halafu matawi na nyasi, halafu udongo unashindiliwa mpaka ukaze. Paa ni bapa, lina mwinamo kidogo tu wa maji kupata pa kwenda. Mlangoni unainama, ukiingia ndani macho yanachukua muda kuzoea giza lakini ubaridi wake mchana wa Dodoma hakuna feni itakupa. Juu ya paa hukohuko mama anaanika mtama. Na vyumba vinazunguka ua, ng'ombe wanalala katikati. Jamani hiyo ni akili kubwa, sehemu yenye upepo, nyasi ndefu za kuezekea shida, mvua kama milimita 570 kwa mwaka na karibu zote zinashuka kati ya Desemba na Machi, baada ya hapo paa linakauka miezi mingi mfululizo.

Sasa lichukue tembe hilohilo ulilete Dar. Dar mvua zinapita milimita 1,000, tena mara mbili, vuli halafu masika, na katikati jasho la bahari. Udongo haupati muda wa kukauka, unavuta maji, unakuwa mzito, chini mchwa wanamalizana na nguzo, siku isiyo na jina paa linakaa chini. Watu wanasema aah nyumba za kienyeji hazidumu. Si kweli! Umeitoa kwenye hali ya hewa yake unaidai idumu.

Msonge wa Kihaya, ile nyumba ya duara ya nyasi, una kesi tofauti kidogo. Bukoba kuna mvua kuliko hata Dar, ndio maana nyasi zimeanzia kileleni mpaka chini kabisa, ukuta huuoni, maji yanateleza tu yanaenda zake. Hapo mvua ya Dar siyo tatizo. Tatizo ni kwamba hakuna anayepika humo. Nyumba ya nyasi inahitaji moshi, moto ukiwaka ndani kila siku moshi unapanda unapenya kwenye nyasi, unazikausha, masizi yanashika, wadudu wanakimbia. Zima moto, nyasi zinaanza kuoza kimyakimya na kutoka nje unaona bado nzuri, watu wanapiga selfi.

Ndio hoja yangu ya leo. Hizi nyumba hazikutunzwa na fundi peke yake, zilitunzwa na kazi za nyumbani. Kuwasha moto, kufagia, kusiriba ukuta kabla ya masika, kupaka sakafu kinyesi cha ng'ombe, na kazi hizo nyingi zilikuwa za wanawake, hakuna aliyeziita uhifadhi. Ukiziondoa unabaki na ukarabati wa mara moja baada ya miaka, ghali, na wa haraka haraka.

Halafu kuna jambo la historia hapa watu wanalipita. Makumbusho imeanza 1966, Azimio la Arusha ni Februari 1967, halafu inakuja miaka ya sabini na Operesheni Vijiji, mamilioni ya watu wanahamishwa, Dodoma ikiwa ya mwanzo mwanzo. Watu waliacha matembe yao, wakapangwa kwa mistari, wakahimizwa kufyatua matofali, nyumba bora ikawa na pembe nne na bati. Sisemi yote yalikuwa mabaya, bati nani halitaki, hata mimi naishi chini ya bati. Ila kijana wa Kigogo aliyezaliwa baada ya hapo pengine hajawahi kumuona baba yake analaza mwamba kwenye panda. Na sasa wale waliokuwa wanajua ni wazee sana.

Kaka pale nyuma aliuliza, kwa nini wasipige plasta ya simenti yaishe? Nikamwambia jaribu uone. Simenti ni ngumu, udongo unatanuka na kusinyaa, plasta inapasuka, maji yanaingia kwenye ufa na hayatoki, ukuta unalainika ndani huku nje unang'aa. Udongo tibu kwa udongo.

Dada mmoja naye akaniuliza swali zuri, moto kwenye nyumba ya nyasi mbona unataka kutuunguzia? Ni kweli hatari ipo, hata zamani nyumba ziliungua. Basi moto uwe mdogo, wa asubuhi, kwenye mafiga yake, ndoo za maji na mchanga ziwe mlangoni, na mtu akae hapo mpaka ufe. Mtu huyo aajiriwe kwa kazi hiyo. Mimi ningetafuta mama aliyekulia kwenye msonge, nimpe mshahara kama mwongoza watalii au zaidi, awashe moto, asiribe kuta Februari kabla masika hayajafika, na wageni waje siku hiyo hiyo wamkute mikono ina matope, wakitaka kushika udongo awape washike.