Papai limekukosea nini?

Da Zuu: Haya tumerudi, leo tunaongelea wanga, ile sehemu ya chakula inayogeuka sukari mwilini. Seba, we si ulisema umeacha matunda?

Seba: Kabisa dada, mwezi wa pili huu, embe sigusi, papai sigusi, niliambiwa ukitaka kukata wanga matunda ni sukari tupu.

Da Zuu: Na jana mchana ulikula nini?

Seba: (anacheka) Ugali samaki. Kwa mama ntilie hapo nje.

Da Zuu: Ule mlima?

Seba: Ndo huohuo.

Da Zuu: Sasa sikia. Unga wa mahindi gramu 100 una wanga kama gramu 75, na ule mlima haujasongwa kwa gramu 100, tusidanganyane. Papai gramu 100 ni kama 11. Kikulacho ki nguoni mwako bro, we unamnunia papai.

Seba: Kwa hiyo hata embe ruksa?

Da Zuu: Embe polepole. Kila gramu 100 ni kama 15, sasa lile dodo la msimu unalolila peke yako umeinama kwenye sinki juisi inatiririka mpaka kwenye kiwiko, nyama yake ikifika gramu 300 ushapiga 45 hapo. Kata shavu moja, la pili mpe mtu. Ndizi mbivu ndo inapanda, kama 23. Tikiti watu wanaliogopa kwa utamu wake ila ni maji mengi, 8 hivi, shida hakuna mtu anaekula kipande kimoja.

Seba: Mimi nusu tikiti naimaliza na mpira haujafika mapumziko.

Da Zuu: Si unaona! Parachichi sasa ndo rafiki, 9 tu na karibu 7 kati ya hizo ni nyuzinyuzi, haziendi kuwa sukari kwenye damu.

Seba: Na juisi? Nakamua machungwa mwenyewe, sukari siweki hata chembe.

Da Zuu: Glasi moja machungwa mangapi?

Seba: Matatu, manne.

Da Zuu: Ungekaa ukayamenya ukayala yote manne? Ungechoka la pili. Nyuzinyuzi zote umeziacha kwenye chujio, umekunywa sukari yake.

Seba: Dah. Mjomba wangu anachoma sindano za insulini, zile za kushusha sukari, alisikia haya mambo akaacha wanga ghafla, usiku jasho, anatetemeka, tukamkimbizia chai ya sukari.

Da Zuu: Sukari ilishuka, dozi ilikuwa ileile na chakula hakuna. Wenye sukari mnaotumia dawa, ongeeni na daktari kwanza kabla hamjapunguza chochote, jamani.

Seba: Sasa nikimwambia mama ntilie anipunguzie ugali, atapunguza na bei?

Da Zuu: Thubutu! Mwambie akujazie mchicha.