Msitu Ulioponea Kwenye Njia za Theluji

(Mhadhara uliotolewa Ottawa mbele ya wanajumuiya wanaozungumza Kiswahili)

Shikamooni wazee wangu. Akina mama, vijana, habari za jioni.

Nianze na kuni. Wengi wetu humu tumelelewa na moto wa kuni, na tumeona kilima kikigeuka upara ndani ya miaka michache. Basi vile vilima mnavyoviona ng'ambo ya mto, upande wa Quebec, navyo vilikuwa vinaelekea huko huko. Miaka ya 1930 uchumi ulidorora, watu hawakuwa na kazi, kuni zikawa na soko. Miteremko ikakatwa kwa kasi, tena ile inayoonekana kutoka barabarani.

Nani walipiga kelele? Kati ya waliopaza sauti mapema ni watu wa skii, yaani wanaopita juu ya theluji kwa mbao nyembamba zilizofungwa miguuni. Klabu ya skii ya Ottawa ilianzishwa mwaka 1910, na wanachama wake walikuwa wakipanda vilima hivyo kila majira ya baridi, wakifyeka njia kwa mikono yao wenyewe, kwa kujitolea. Anayepita mahali kila wiki ndiye anayeona mti uliokuwepo jana haupo leo. Mwaka 1935 serikali ilitoa ripoti kuhusu hali ya misitu hiyo, na mwaka 1938 hifadhi ikaanzishwa: Gatineau Park. Leo ina kilomita za mraba 361, na ndani yake njia za skii zipatazo kilomita 200. William Lyon Mackenzie King, aliyekuwa waziri mkuu, alipofariki mwaka 1950 aliiachia nchi shamba lake lililomo humo.

Hapa naomba mnisikilize vizuri. Hii si hifadhi ya taifa kama zile nyingine za Kanada. Inasimamiwa na tume ya mji mkuu, na miswada ya kuipatia ulinzi zaidi wa kisheria imefika bungeni zaidi ya mara moja bila kupita. Kwa hiyo macho ya watu wanaopita humo bado ni sehemu ya ulinzi wake. Ndiyo maana nataka na macho yetu yawemo.

Najua mtakachosema: skii si mambo yetu. Miaka yangu ya mwanzo hapa nami nilikuwa nachungulia majira ya baridi dirishani, kuanzia Novemba hadi Aprili, na moyo ulinisinyaa. Skii ninayoisema siyo ile ya kuporomoka mlimani. Hii ni ya kutembea. Ubao ni mwembamba, mrefu, na katikati umepinda kama upinde. Kiatu kimeshikwa mbele tu, kisigino kinanyanyuka. Chini ya ule upinde unapaka nta. Ukikanyaga kwa uzito wako wote, upinde unabonyea, nta inauma theluji, unajisukuma. Ukigawa uzito kwa miguu yote miwili, upinde unainuka, nta inaachia, unateleza. Nta yenyewe huchaguliwa kwa baridi ya siku hiyo: kijani kwa baridi kali, buluu baridi ikipungua, nyekundu theluji inapokaribia kuyeyuka. Ukikosea rangi, ama unarudi nyuma kila kilima, ama theluji inaganda chini ya ubao kama ugali kwenye mwiko. Siku hizi zipo skii zisizohitaji nta, na anayeanza achukue hizo.

Usiku mashine hupita kushindilia theluji na kuchonga mifereji miwili ya kupitishia mbao. Tafadhali sana, msitembee kwa mabuti juu ya mifereji hiyo. Shimo la mguu likiganda humwangusha mwenzio. Wanaotaka kutembea tu wana njia zao.

Kuna ziwa moja humo ambalo lazima niwaelezee, maana mimi hulizuru kila mwaka. Linaitwa Pink Lake, kwa jina la ukoo wa walowezi, wala maji yake si ya waridi. Kiangazi ni kijani kwa sababu ya mwani. Limezungukwa na vilima vinavyokinga upepo, kwa hiyo maji ya juu na ya chini hayachanganyiki kabisa. Mita saba za chini hazina oksijeni, na humo huishi bakteria wa rangi ya waridi wanaotumia mwanga na salfa. Juu yao anaogelea samaki mdogo mwenye miiba, ambaye asili yake ni bahari. Barafu kuu iliyofunika nchi hii zama za kale ilipoyeyuka, bahari iliingia hadi huku. Ilipoondoka, yeye akabaki, na polepole akazoea maji baridi yasiyo na chumvi. Kuogelea ni marufuku, na mbolea ya udongo unaoporomoka kutoka kingoni ndiyo adui wa ziwa hilo. Nikimwona yule samaki nawafikiria wengi wetu humu.

Jumamosi tunakwenda, asubuhi mapema kabla watu hawajawa wengi. Skii na viatu vinakodishwa, na tiketi ya njia inahitajika. Tutachukua njia fupi ya tambarare mpaka kwenye kibanda chenye jiko la kuni, tule hapo. Mimi nitabeba chai ya tangawizi. Nyinyi leteni soksi za pili, kavu, ndani ya mfuko wa plastiki.