Kusimamisha Shauri Katikati: Hiari ya Mahakama Kuu za India

Ndugu mawakili, nanyi wanafunzi mliokaa huko nyuma, karibuni tuanze na uamuzi mdogo tu, yaani ule unaotolewa shauri likiwa bado linaendelea, kabla ya hukumu. Mahakama ya madai nchini India imemkatalia mdaiwa kurekebisha hati yake ya utetezi, kwa sababu mashahidi wameshaanza kusikilizwa. Mdaiwa hasubiri hukumu. Anakimbilia Mahakama Kuu na ombi la kikatiba, na ndani yake anaomba shauri lisimame kwanza. Likisimama, mdai ameumia tayari, hata ombi lenyewe likija kutupwa.

Zamani angepita kwenye marejeo, yaani kuiomba Mahakama Kuu iukague uamuzi wa mahakama ya chini, chini ya kifungu cha 115 cha sheria ya mwenendo wa madai ya 1908. Marekebisho ya 1999, yaliyoanza kutumika Julai 2002, yalikibana kifungu hicho: uamuzi mdogo haufanyiwi marejeo ila tu pale ambapo, kama ungempendelea mwombaji, shauri lingeishia hapo. Basi mawakili wakageukia Katiba. Mwaka 2003, katika Surya Dev Rai dhidi ya Ram Chander Rai, Mahakama ya Juu ilikubali kwamba Ibara za 226 na 227 za Katiba, ya kwanza ya Mahakama Kuu kutoa amri na ya pili ya kusimamia mahakama za chini, hazikuguswa na marekebisho hayo. Mwaka 2015, katika Radhey Shyam dhidi ya Chhabi Nath, majaji watatu walirekebisha msimamo huo: uamuzi wa mahakama ya madai haufutwi kwa amri ya Ibara ya 226. Ikabaki 227, ibara ya usimamizi.

Na kusimamia si kusikiliza rufaa. Tangu Waryam Singh dhidi ya Amarnath, mwaka 1954, imeelezwa kwamba mamlaka haya ni ya kuiweka mahakama ya chini ndani ya mipaka yake, wala si ya kusahihisha kila kosa. Jaji anaweza kuona kosa waziwazi na bado akakataa kuingilia. Hiyo ndiyo hiari, na wateja wetu hupata tabu sana kuielewa.

Tuwaeleze basi kifungu cha 105 cha sheria ileile ya 1908. Kosa katika uamuzi mdogo, likiwa limeathiri matokeo ya shauri, linaweza kuwa sababu ya rufaa dhidi ya hukumu ya mwisho. Halijapotea. Kwa hiyo mimi, nikisoma ombi la 227, natafuta jambo moja: madhara ambayo rufaa haitaweza kuyaponya. Nyumba itakayobomolewa wiki ijayo, naam. Shahidi mgonjwa mahututi aliyenyimwa nafasi ya kusikilizwa, naam. Nyaraka iliyokataliwa kupokelewa, mara nyingi hapana.

Kuhusu amri ya kusimamisha shauri, mwaka 2018, katika shauri la Asian Resurfacing, Mahakama ya Juu ilielekeza kwamba amri hizo zife zenyewe baada ya miezi 6. Februari 2024 majaji watano waliutengua uamuzi huo. Naamini walitenda haki, maana si sawa mtu kupoteza kinga yake kwa sababu mahakama imechelewa kumsikiliza. Lakini yule mdai wetu bado yuko palepale, na mashahidi wake wanazeeka. Jaji anayesimamisha shauri lake aandike sababu, na katika amri hiyohiyo apange tarehe ya karibu ya kulisikiliza ombi.