Chura Anayetafutwa kwa Masikio

Ndugu zangu, habari za jioni. Wahenga walisema kelele za chura hazimzuii ng'ombe kunywa maji. Huyu wa leo hawakumsikia. Kelele zake ziliwanyima watu wazima usingizi, zikawapigisha magoti kwenye tope usiku, taa zimezimwa, masikio yameelekezwa chini.

Tuko Amazon, kaskazini mashariki mwa Peru, mkoa wa Loreto, katika bonde la mto Putumayo. Mwaka ni 2019. Kule kuna sehemu ambazo ukikanyaga, hukanyagi udongo hasa. Ni majani na mizizi iliyokufa, ikalundikana kwenye maji, ikashindwa kuoza yote, ikawa mboji inayobonyea kama sponji. Watafiti waliokuwa humo walisikia mlio unatoka ardhini. Nitauiga, msinicheke: bip, bip, bip. Wakasimama, wakazima taa, wakachimba kidogo, wakatulia kusikiliza tena. Saa zikapita hivyo. Mwishowe mmoja akachupa kutoka shimoni mwake, na utulivu wote ukaishia hapo: mkamate, mkamate!

Waliyemkamata ni kachura ka rangi ya chokoleti, kadogo ka kutosha juu ya sarafu. Mwili mnene, macho madogo, na pua iliyochongoka inayoupita mdomo.

Kwenye hiyo pua tukae kidogo. Vyura wachimbaji walio wengi huzama kinyumenyume. Kwenye nyayo za nyuma wana kinundu kigumu wanachokitumia kama koleo. Chura anajitingisha kushoto na kulia, kiuno kinapotea kwanza, macho yanaaga mwisho. Ukimwona anavyofanya, utadhani ardhi inammeza. Huyu wetu ni kinyume chake: anatanguliza kichwa. Kwenye mboji laini, katikati ya mizizi, anaisukuma pua kama mtu anayepenya kwenye umati, mwili ukifuata nyuma.

Wenyeji wa bonde lile walikuwa wameshaiona pua hiyo zamani. Wakamwita danta, jina la kule la tapiri, yule mnyama mkubwa wa misitu ya Amazon mwenye pua inayoning'inia. Wanasayansi walipomsajili mwaka 2022 walilichukua jina hilo hilo: Synapturanus danta. Kwa hiyo mkisoma kwamba ni "spishi mpya", mjue upya wenyewe ni wa kwenye makaratasi. Mimi neno hilo huwa linanikera kidogo, lakini tuendelee.

Ukoo huu wa Synapturanus una historia ya kuchekesha. Spishi 2 zilielezwa mwaka 1975, ya tatu muda mfupi baadaye, kisha kimya cha miaka zaidi ya 40. Vyura walikuwepo muda wote huo. Watu walikuwa wanatafuta kwa macho. Mwaka 2021 zikaongezwa 3 kwa mpigo, na mojawapo ikaitwa Synapturanus zombie. Msidhani chura anafanana na msukule. Wa kufanana na msukule ni mtafiti mwenyewe, aliyetoka kufukua ardhi kwa mikono mitupu kwenye mvua, tope mpaka nyusi.

Mtaniuliza, sasa maji ya kuzalia anayapata wapi huko chini? Hayahitaji. Katika spishi za ukoo huu zilizochunguzwa, dume anaita akiwa ndani ya shimo, jike anamfuata huko huko, na mayai yanatagwa humo: machache, makubwa, yenye kiini cha kutosha. Kiluwiluwi haogelei bwawani wala hali kitu. Anaishi kwa akiba ya kiini alichozaliwa nacho mpaka anaota miguu, na anatoka akiwa chura kamili. Ndiyo maana mtu anaweza kuchunguza kila dimbwi msituni akaondoka bila kuona hata yai moja, na kumbe alikuwa amesimama juu ya familia nzima.

Na hawajaisha. Vinasaba vinaonyesha kuna wengine kadhaa wa ukoo huu ambao bado hawajapewa jina la kisayansi.

Haya, naona mkono pale nyuma. Uliza, ila kama unataka niuige ule mlio tena, nipe kwanza maji.