Wadudu Watatu, Taifodi 1:160 na Yutiai

NEEMA: Karibuni tena. Mwenzangu leo sauti imemkauka, mtamvumilia.

BARAKA: Wiki nzima, dada. Homa, kichwa, viungo vyote vinauma. Ijumaa nikajikokota hadi zahanati moja ya mtaani. Wakanitoa damu, robo saa tu cheti mkononi: malaria wadudu watatu, taifodi moja kwa mia na sitini, na yutiai, maambukizi ya njia ya mkojo, juu yake.

NEEMA: Mafiga matatu! Dar hii hakuna anayetoka na figa moja.

BARAKA: Usicheke bwana, nimepewa mfuko wa dawa kama naenda safari.

NEEMA: Mimi mtu wa maabara, niache nicheke. Hiyo taifodi waliipimaje?

BARAKA: Nilichungulia dirishani. Yule dada kaweka matone ya damu yangu, ile sehemu ya majimaji, kwenye kigae cheupe. Akadondoshea dawa ya bluu na nyingine nyekundu, akawa anakiyumbisha. Mara simu ikaita, akatoka nje.

NEEMA: Ehee! Hicho ni Widal. Kipimo cha mwaka 1896, kina jina la daktari Mfaransa, Georges-Fernand Widal. Unayumbisha kama dakika moja, unasoma hapo hapo. Ukiona punje zimegandana kama maziwa yaliyokatika, unaandika. Sasa ukikiacha kigae kikaanza kukauka na joto letu hili, punje utaziona hata kwa mtu mwenye siha yake.

BARAKA: Kwa hiyo mchawi ni simu.

NEEMA: Simu tusiionee. Hata angeganda pale pale, Widal haimtafuti bakteria wa taifodi. Inatafuta kingamwili, zile silaha mwili ulizoziunda kupigana naye. Vita huisha, silaha zinabaki ghalani. Labda uliugua zamani, labda ulikutana na salmonela nyingine, bakteria wa ukoo huo huo. Hata malaria huweza kukichanganya kipimo. Kwa maji tunayokunywa sisi, nani hana ghala?

BARAKA: Na ile 1:160? Jirani yangu anayo 1:80, ananipa pole mimi.

NEEMA: (anacheka) Siyo kipimo cha ukali wa ugonjwa! Maana yake serumu yako, yale majimaji ya damu, ikizimuliwa mara 160 bado inagandisha punje. Basi. Inavyotakiwa upimwe leo, urudie baada ya siku kama kumi, uone kama imepanda mara nne. Nani anarudi?

BARAKA: Lakini si bora kipimo chenye kasoro kuliko kukosa kabisa?

NEEMA: Chukua kalamu. Mfano tu: watu 1,000 wana homa, wenye taifodi kweli ni 20. Kipimo chako kinawakamata 16. Wale 980 wasionayo, kinawasingizia mmoja katika kila kumi.

BARAKA: Tisini na nane.

NEEMA: Jumla unawaambia watu 114 wana taifodi, na wanaoumwa ni 16. Wengine wote wanameza antibiotiki bure, na usugu wa dawa unaota pale pale.

BARAKA: Kipimo cha kweli ni kipi, basi?

NEEMA: Kuotesha damu. Unatoa ya kutosha, unaiweka kwenye chupa yenye chakula cha bakteria, unasubiri siku kadhaa. Nacho hukamata wagonjwa sita hivi katika kumi, tena kabla hawajagusa dawa. Wewe ulifika ukiwa hujameza kitu?

BARAKA: Antibiotiki tu, sipro mbili za duka la dawa.

NEEMA: Haya.

BARAKA: Tuje kwa wadudu. Watatu, Neema! Watatu si wachache?

NEEMA: Wanahesabiwa kwa kulinganishwa na chembe nyeupe za damu 200. Ukichukulia una chembe nyeupe 8,000 kwa maikrolita, yaani lita igawe kwa milioni, watatu ni sawa na wadudu 120 katika maikrolita moja. Mtu mzima ana damu kama lita tano. Zidisha.

BARAKA: ... Milioni 600?

NEEMA: Wadudu watatu hao. Kama kweli ni wadudu, maana uchafu wa rangi ya Giemsa kwenye kioo umeshawapa watu wengi malaria. Ungerudiwa na mtu wa pili kwenye hadubini.

BARAKA: Au kile kipimo cha haraka cha malaria, cha mistari miwili.

NEEMA: Kizuri, ila kinasaka protini ya mdudu, na hiyo hubaki kwenye damu wiki kadhaa baada ya kupona. Eritrea nako walikuta vimelea visivyoitoa kabisa hiyo protini, mgonjwa anaumwa na mstari hautoki. Mwaka 2016 wakabadilisha vipimo. Mseto uliopewa umeumaliza?

BARAKA: Wote.

NEEMA: Afadhali. Na yutiai, mkojo walisemaje, una usaha?

BARAKA: Mkojo upi?

NEEMA: Uliotoa.

BARAKA: Mimi sikuombwa mkojo, dada.